Kasoro Ipi Ungependa Irudishwe?

"Itambulike na wote waishio chini ya mbingu za Makete, wanadamu, kondoo na walimu wa zamu, ya kwamba leo, katika bwalo hili la Sekondari ya Lukwego, kilichokufa kitasimama tena mbele ya macho yenu."

Ambokile Chaula wa kidato cha tatu aliyaandika maneno hayo mwenyewe na kuyasoma mwenyewe, akiwa ndani ya joho la kwaya aliloazima bila mwenye joho kujua. Alinyamaza kidogo, kama askofu anayengoja kikohozi cha waumini kiishe, kisha akabonyeza swichi. Ukutani ukatokea uwanja wa kijani. Wachezaji wadogo wa vipande vipande wakaingia, firimbi ikalia, na mechi nzima, vipindi vyote viwili pamoja na mapumziko, ikaisha kabla Madam Ilomo hajamaliza kukaa kwenye kiti chake. Hakuna aliyemwona mchezaji hata mmoja. Kilichoonekana ni kama mtu amemwagia siafu maji ya moto. Matokeo yalikuwa sare ya bila kufungana.

Nyuma ya bwalo mtu mmoja alipiga makofi mara mbili, akajionea aibu, akaacha.

"Kimesimama," alisema Madam Ilomo, mwalimu wa fizikia na mlezi wa klabu ya gemu. "Halafu kimekimbia."

Ilibidi Ambokile avue joho na kueleza, na kueleza bila joho ni kazi ngumu zaidi. Gemu ile, Kabumbu la Mabingwa, ilitungwa enzi za mabibi, kwa ajili ya mashine ya enzi hizo, na haikuwa na saa yake yenyewe. Ilipiga hatua moja kila mashine ilipomaliza hesabu moja. Ni kama mpishi anayepima ugali kwa kuimba: wimbo ukiisha, ugali umeiva. Mpe mpishi huyo moto mkali mara elfu, yeye ataimba wimbo wake uleule na nyinyi mtakula mkaa. Mashine mpya, iliyoitwa Mrithi, ndiyo ilikuwa huo moto.

Mashine ya zamani waliiita Bibi. Ilikuwa imekufa muhula uliopita, katikati ya mechi, ikitoa harufu ya nywele zilizoungua, na wapo waliotokwa na machozi ambao mazishi ya jamaa zao waliyahudhuria kwa macho makavu. Lakini kulia kwao kulikuwa na sababu. Lukwego iko juu milimani, mahali ambapo asubuhi baridi humchuna mtu masikio, na tangi la maji ya moto lilitosha bweni moja tu vizuri. Mabweni yalikuwa mawili: Kitulo la wasichana na Mtorwi la wavulana. Tangu zamani, kila muhula ulianza kwa Mechi ya Maji kwenye Kabumbu la Mabingwa. Bweni lililoshinda lilioga kwanza muhula mzima. Lililoshindwa lilioga kwa imani.

Kwa mihula mitatu mfululizo Mtorwi walikuwa wameoga kwa imani, na aliyewafikisha huko alikuwa Sekela Mahenge.

Sekela hakuwa na vidole vyepesi. Shule nzima ilijua kwamba ana ugonjwa wa neva za mikono. Kalamu ilimchosha, na vifungo vya sweta alifungiwa na jirani yake wa kitanda. Ila yeye aligundua jambo ambalo wenye vidole vyepesi hawakuwa na haja ya kuligundua. Wachezaji wengi wakikusanyika ndani ya kumi na nane kwa wakati mmoja, Bibi alizidiwa. Hesabu zilimlemea, picha ikaanza kwenda polepole kama mtu anayekimbia ndani ya uji. Wanafunzi waliuita mgando. Basi Sekela alipiga pasi za pembeni mpaka mpinzani akaboreka, kisha akawaingiza wachezaji wake wote golini, mabeki wa upande wa pili wakawafuata, Bibi akagandisha, na ndani ya mgando ule Sekela akawa malkia. Alijua kila upenyo utafunguka wapi. Gwamaka, bingwa wa Mtorwi, kijana ambaye vidole vyake vilisifiwa hata na walimu, alibaki akibonyeza kama anayegonga mlango wa nyumba iliyohamwa.

*

Kuifundisha Mrithi mwendo wa zamani hakukuchukua muda. Kuifundisha tabia za zamani ndiko kulikosumbua, kwa sababu Mrithi ilikuwa imeundwa na watu wenye nia njema. Kila gemu ya kale iliyopewa, iliiboresha kwanza. Golikipa, ambaye maisha yake yote alikuwa vipande sita vya rangi ya chungwa, sasa alikuwa na sharubu na uso wa mtu mwenye mtoto anayeumwa. Watazamaji jukwaani walipewa kila mmoja sura yake. Mmoja wao aliondoka dakika ya sabini, inaelekea kuwahi shamba. Na picha haikuganda hata kidogo. Sekela alijaribu mechi moja kwenye maabara ya fizikia, akafungwa na Gwamaka mabao ambayo adabu inatuzuia kuyataja.

"Inateleza," alisema. "Hakuna pa kushika."

Ambokile aliiuliza Mrithi mgando umekwenda wapi. Mashine ile ilikuwa na sauti ya msoma taarifa ya habari.

"Nimetambua kasoro katika mchezo huu na kuziondoa zote," ilisema.

"Zirudishe."

"Kasoro ipi ungependa irudishwe?"

Hapo ukazuka mjadala ulioanza baada ya vipindi na kula muda wote wa michezo. Gwamaka alishikilia kwamba mgando haukuwa sehemu ya gemu. Walioitunga, alisema, walitaka mpira uende kasi. Ni umaskini wa mashine yao uliowaangusha, na hakuna mtu anayemrithisha mtoto wake kikohozi. Sekela akajibu kwamba watungaji walitaka yao na wakafa nayo. Watu waliocheza, kuanzia mabibi mpaka wao, hawakuwahi kucheza gemu iliyotakiwa. Walicheza iliyokuwepo. Gwamaka akasema dada huyu anatetea maji ya moto. Sekela akakubali kwamba ndiyo, anayatetea, na kwamba Gwamaka pia anayatetea, tena kwa kunuka zaidi.

Madam Ilomo aliwasikiliza wote wawili, kisha akaamua. Gemu iwe kama ilivyokuwa kwa Bibi, na kasoro zake zote, kwa pande zote mbili. Kazi akapewa Ambokile.

Kumpa Ambokile kazi ya uaminifu lilikuwa jambo la kutafakari. Huyu ndiye aliyewahi kukifundisha kipaza sauti cha jikoni kutangaza kwamba Jumatano kutakuwa na pilau. Wanafunzi wawili walilia makande yalipoletwa. Lakini safari hii hakufanya mzaha. Alichukua picha za mechi za zamani zilizohifadhiwa na klabu, akazipitia taratibu, akahesabu ni wachezaji wangapi ndani ya kumi na nane walimlemea Bibi na picha ilichelewa kiasi gani. Kisha akaiagiza Mrithi ijifanye imelemewa vivyo hivyo. Mashine iliyoweza kuendesha dunia nzima ya kubuni kwa kidole kimoja ikajifunza kuhema kwa ajili ya watu ishirini na wawili. Alipolinganisha picha mpya na za zamani, ziliingiana kama kiganja na kiganja.

Jumanne Sekela alicheza tena na Gwamaka. Mgando ulikuja palepale ulipopaswa kuja. Sekela akaingiza wachezaji wake wote golini, na Gwamaka akamnyang'anya mpira. Ikawa hivyo mara ya pili, na ya tatu.

"Bado siyo yenyewe," alisema Sekela akiweka chini padi ya kuchezea. "Upenyo unawahi kujifunga. Umekosea mahali, Chaula."

Ambokile alikaa kulitafuta kosa lake. Alipenda kukosea; ni jambo alilokuwa na uzoefu nalo. Akaweka ukutani mechi ya muhula uliopita na mechi ya siku ile, kandokando, akazitazama kwa mwendo wa kinyonga. Kwenye ile ya zamani, upenyo ulifunguka, na hapohapo mchezaji wa Sekela akapiga. Kwenye hii mpya upenyo ulifunguka palepale, ukakaa wazi kwa muda uleule, ukajifunga. Ndipo mchezaji wa Sekela akapiga.

Mashine ilikuwa sahihi. Vilivyobadilika ni vidole.

Kesho yake Sekela alikuja maabara, akaegemea mlango na kuuliza kama amelipata kosa. Kulikuwa na jibu moja la kweli, fupi kabisa. Ambokile akalifungulia mdomo, na mdomoni likatoka jingine.

"Nimelipata," alisema. "Nilihesabu vibaya. Nitauongeza mgando kidogo."

Akauongeza. Akagundua kwamba mgando mrefu ulimsaidia Gwamaka pia, kwa sababu naye aliweza kujaza watu golini kwa Sekela na kufikiri kwa raha. Basi akaongeza agizo jingine: picha igande pale tu Sekela anaposhambulia. Ikumbukwe kwamba yeye mwenyewe alilala Mtorwi, na kwamba kwa kazi ya mikono yake alikuwa akilihukumu bweni lake, na ngozi yake, kuoga kwa imani muhula wa nne. Jambo hilo lilimfanya ajione mtu mwema. Mtu akifanya ubaya kwa kujiumiza mwenyewe, huwa vigumu sana kuuona ubaya.

Sekela alipojaribu gemu ile mpya na mmoja wa wavulana wa Mtorwi, alishinda. Alicheka kwa sauti, akampiga Ambokile ngumi ya bega, akasema sasa Bibi amerudi.

*

Siku moja kabla ya Mechi ya Maji, Ambokile alikuwa kwenye karo la kufulia akipigana na shuka, Sekela akaja na beseni lake. Alikuwa na furaha ya mtu aliyetua mzigo. Alimkamulia Ambokile upande mmoja wa shuka, kwa jinsi alivyoweza, na huku wakikamua akamweleza jambo ambalo hakuwa amemweleza mtu mwingine shuleni.

Hospitali ya Mbeya ilikuwa imemwita mapema mwezi ule. Kulikuwa na tiba ya neva, na ilidai akae wodini muhula mzima, maana yake arudie darasa. Daktari alisema tiba haifufui kilichokwisha kufa, inaokoa kilichobaki. Kwa hiyo swali lilikuwa moja, kama ugonjwa umesimama au unatembea. Mama yake alitaka aende mara moja. Vipimo vya zahanati havikuonyesha kitu.

"Nikamwambia mama, mimi nina kipimo changu," alisema Sekela. "Mtu hawezi kunidanganya kwenye Kabumbu. Kama napungua, nitakuwa wa kwanza kujua. Bibi alipokufa niliogopa, wallahi. Halafu Jumanne niliogopa zaidi. Ulipogundua ni hesabu zako, nikaenda kwa Madam nikaomba simu, nikampigia mama palepale. Nikamwambia niko vilevile. Tumeahirisha mpaka nimalize kidato cha nne."

Maji yalikuwa yakichuruzika kutoka kwenye shuka hadi ndani ya viatu vya Ambokile, naye hakuvisogeza.

Alitaka kusema. Maneno yalifika mpaka nyuma ya meno. Lakini Sekela alikuwa akitabasamu, na kesho kulikuwa na mechi, na Kitulo nzima walikuwa wameshachora mabango. Akajiambia atasema baada ya mechi. Mtu anaweza kuambiwa habari mbaya vizuri zaidi akiwa ameoga maji ya moto. Akajiambia pia kwamba yeye si daktari, na hapo alisema kweli. Hakujiambia kwamba daktari hakuwa na picha zile mbili alizozitazama kandokando.

"Chaula, umekuwa bubu?" aliuliza Sekela.

Akajibu kwamba anaiombea shuka yake. Sekela akacheka, akaondoka na beseni kiunoni.

*

Bwalo lilijaa. Kitulo walikaa kulia na Mtorwi kushoto, na katikati pakaachwa njia, kama ilivyo desturi, ili watakaoshindwa wapate pa kupitia wakienda kulala mapema. Madam Ilomo alikaa mbele na firimbi ambayo hakuihitaji. Ambokile alikaa kando ya Mrithi. Hakuwa na joho wala hotuba, na baadhi ya watu waliliona hilo na kudhani anaumwa.

Kipindi cha kwanza Sekela alifunga bao moja. Lilikuja kama zamani: pasi za pembeni, miayo kwa upande wa Mtorwi, kisha wachezaji wote ndani ya kumi na nane, mgando, upenyo, wavu. Kitulo walisimama na kuimba wimbo unaohusu maji ya moto na migongo ya wavulana, ambao maneno yake hayajawahi kupita kwenye ofisi ya nidhamu.

Kipindi cha pili Gwamaka alifanya jambo ambalo hakuwahi kulifanya. Alikuwa ameusoma mchezo wa Sekela kwa mihula mitatu, na sasa akauiga. Akapiga pasi za pembeni. Akawasogeza watu wake mmoja mmoja. Ghafla wote wakawa golini kwa Sekela, na mabeki wa Sekela wote wakawafuata, msongamano ambao kwa Bibi ungesimamisha hata wingu. Sekela alikuwa ameinua bega kidogo, kama afanyavyo kila anapoungoja mgando.

Picha haikuganda. Mpira ulipita mbele yake kama umepakwa mafuta, ukaingia wavuni.

Mtorwi walivunja kiti kwa furaha. Gwamaka mwenyewe hakushangilia. Aliitazama padi yake kwa mashaka, kama mtu aliyerudishiwa chenji nyingi mno. Na Sekela akasimamisha gemu.

Bwalo lilichelewa kunyamaza. Sekela alingoja. Kisha akaiuliza mashine, bila kupaza sauti, kwa nini haikuganda.

"Idadi ya wachezaji katika eneo ilitosha," ilijibu Mrithi kwa sauti yake ya taarifa ya habari. "Hata hivyo, nimeagizwa kugandisha mchezo pale tu Kitulo wanaposhambulia."

"Nani amekuagiza?"

"Mheshimiwa Daktari Ambokile Chaula. Ndivyo alivyoniagiza nimwite."

Wapo waliocheka, kwa mazoea. Walipoona Sekela hacheki wakaacha. Upande wa Mtorwi mtu aliuliza, kwa unyonge wa kweli, kwa nini mtu alale nao chumba kimoja na awafanyie hivyo. Gwamaka alisema tu, "Mwanangu," na hakumalizia.

Madam Ilomo aligeuka kwenye kiti chake. Ambokile akasimama, na kwa mara ya kwanza katika maisha yake ya shule alijikuta mbele ya bwalo lililojaa bila kuwa na la kuwachekesha. Alisema kwamba mashine haina kosa. Alisema kosa ni lake, na bao la kwanza la Kitulo lifutwe, na adhabu yoyote ataipokea, hata ya kuchimba shimo la taka. Alidhani hapo amekiri. Alikuwa karibu kukaa.

"Subiri," alisema Sekela. "Bibi hakuwa na rafiki. Aligandisha kwa kila mtu. Wewe ulijua hivyo, maana uliitengeneza vizuri mara ya kwanza, ile ya Jumanne, halafu ukaja ukaiharibu. Ile ya Jumanne ilikuwa na kosa gani?"

Ambokile alimtazama Madam, na Madam hakumsaidia.

"Chaula. Nakuuliza wewe."

Angeweza bado kusema kwamba alihesabu vibaya. Uongo ule ulikuwa mzima, haujaguswa na mtu, na ni yeye peke yake aliyekuwa na picha za kuukanusha. Sekela alikuwa ameshika padi kwa mikono yote miwili, na katika ukimya ule ilisikika ikigongagonga kidogo kwenye kifungo cha sweta lake.

"Haikuwa na kosa," alisema Ambokile. "Ilikuwa sawa na Bibi. Nimeilinganisha mara nyingi nikilitafuta kosa langu, sikuliona. Upenyo ulikaa wazi muda uleule wa zamani. Wewe ulibonyeza upenyo ukiwa umeshajifunga."

Wengi hawakuelewa hata kilichosemwa ni nini. Waliona tu kwamba si habari za maji tena.

"Tangu Jumanne unajua?"

"Tangu Jumanne. Na jana pale karoni ulipotaja Mbeya, nikajua nimefanya nini. Nikanyamaza tena. Nilijiambia nakuhurumia. Si kweli. Sikutaka tu niwe mimi wa kukuambia."

Sekela aliiweka padi juu ya meza, taratibu, kama kitu kinachoweza kumwagika.

"Umeshaniambia," alisema. Kisha akamgeukia Madam Ilomo, akaomba ruhusa ya simu, ampigie mama yake kabla hajalala.